Nyama ya Kiboko wa Hamukungu

Juzi tumemzika mzee Kule, na mimi nimerudi Kasese na harufu ya matanga imeshika kwenye gomesi, gauni langu la heshima. Sipendi matanga, niseme wazi mapema. Sipendi sufuria kubwa zinazochemka nyuma ya nyumba wakati maiti bado yuko sebuleni. Sipendi vijana wanaoshuka kwenye bodaboda huku macho yao yameshaanza kutafuta moshi unatokea wapi. Mjukuu wa marehemu, binti mwenye adabu zake, aliniwekea sahani mapajani kabla sijamaliza hata kutoa pole, wali na vipande vya nyama vinaelea kwenye mafuta, akasema, "Kula bibi, umetoka mbali." Pembeni yangu mzee mmoja alikuwa anafyonza mfupa kwa sauti, fyuu, fyuu, huku anamweleza mwenzake jinsi Kule alivyohangaika kukata roho, na kila alipofika pagumu kwenye habari yake aliugeuza ule mfupa akaanza upande wa pili. Nikaitazama sahani yangu, mafuta yameanza kuganda ukingoni. Nikasema moyoni, haya, ndiyo haya haya. Miaka yote hii na watu hatujabadilika hata kidogo.

Kule na mume wangu wa kwanza, Bwambale, walikuwa wakivua katika mtumbwi mmoja kule Hamukungu, kwenye Ziwa George. Jinsi nilivyoolewa na nilivyofika huko ni habari nyingine, siielezi hapa. Ninachotaka kukisimulia ni mwaka mmoja tu, ule ambao reli ilikuwa inakaribia Kasese na kila mpita njia alikuwa na habari yake ya reli, nani kaajiriwa, nani kavunjika mguu. Mimi nilikuwa na miaka kumi na minane na reli yenyewe sikuiona. Mwaka ule niliuishi kwa pua. Nikiukumbuka leo, hainijii kwanza sura ya mtu, inanijia harufu: samaki, mafuta ya kukaangia, jasho la wachukuzi, na ile nyama.

Asubuhi yenyewe nilikuwa mwaloni, pale mitumbwi inapofikia, napara samaki na wanawake wenzangu. Tukasikia mlio majini, kisha mtu anapiga kelele. Aliyefika ufukoni ni Kule, anaogelea kama mtu anayegombana na maji, na nyuma yake vipande vya mtumbwi. Kiboko aliibuka chini yao. Bwambale walimtoa baadaye, na sitasema alikuwaje, maana watu wamenisemea vya kutosha maisha yangu yote. Aling'atwa kiunoni. Basi. Walimfunika kwa turubai la kufunikia samaki. Turubai la samaki, jamani! Nzi walikuwa wanalijua turubai lile kuliko walivyomjua yeye. Mimi nilikuwa nimesimama na kisu mkononi, magamba yamenikaukia mpaka kwenye viwiko, na mwanamke mmoja akanishika bega akasema, "Banange, nenda unawe kwanza." Kana kwamba nilikuwa nakaribishwa mezani.

Siku chache baada ya mazishi, askari wa wanyama walikuja wakampiga risasi kiboko. Kama alikuwa yule yule au jirani yake, Mungu ndiye anayejua, maana viboko walikuwa tele na hakuna aliyekuwa na alama. Watu wa Hamukungu hawakuuliza. Walitoka na mapanga, mashoka na mabeseni, watoto wanaruka ruka, wanawake wanagombania mafuta. Na wavuvi wa mwalo ule walikuwa na desturi yao, sijui waliitoa wapi, kwetu Bwera chini ya milima hatukuwa nayo. Mnyama akimuua mvuvi, naye akauawa, nyama yake inaliwa, na kipande cha kwanza kinaingia mdomoni mwa mke wa marehemu. Asipokula, yule aliyekuwa naye mtumbwini haruhusiwi kugusa maji tena. Wanasema ziwa bado lina neno naye. Baada ya mke ndipo na yeye anakula, na mambo yanakwisha. Basi wakaniletea kidari juu ya jani la mgomba, kimebabuliwa juu juu, ndani bado damu. Mkubwa wa mwalo akasema kwa upole kabisa, "Kula, mama, upoe." Nilitapika pale pale, kwenye miguu yake. Kesho yake nikapanda lori la samaki nikarudi Bwera kwa Shangazi Biira, dada ya baba yangu.

Shangazi alikuwa na hoteli kwenye njia ya mpakani. Hoteli ni jina tu. Ilikuwa nyumba ya udongo yenye chumba cha mbele, meza mbili ndefu zilizolegea miguu, jiko la nyuma, na stoo ambamo mimi nililala katikati ya magunia ya chumvi ya Katwe na matita ya samaki wakavu. Ukilala kwenye chumvi na samaki, unaamka na ngozi ya mdomo imekauka na nywele zinanuka, na hakuna sabuni ya kukusaidia. Walikuja wachukuzi, madereva, wakulima wa kahawa siku za soko, na wafanyabiashara kutoka ng'ambo, Kongo ya Wabelgiji, waliopenda samaki wetu wa chumvi kupita kiasi. Shangazi hakuwa mtu wa maneno mengi ya faraja. Alinitazama nilivyoingia, akanivua kitambaa cha msiba kichwani, akanipa mwiko. "Watu wanataka kula," alisema. Hivyo ndivyo nilivyoanza tena kuishi, kwa kuwapikia wengine chakula ambacho mimi mwenyewe sikuweza kukiweka mdomoni.

Hujui jinsi mtu anavyochukiza akila mpaka usimame juu yake na sahani kutwa nzima, na wewe tumboni mwako hamna kitu. Niliwaona wote. Yule anayemeza kabla hajatafuna. Yule anayeongea na tonge la bugali, ugali wetu, liko shavuni, na chembe zinaruka zinakuja kwako. Yule anayejifuta mafuta kwenye goti halafu anakushika mkono kukushukuru. Niliona koo zinapanda na kushuka, nikawa nasema, Bwambale yuko kwenye udongo na hawa wanameza. Mimi nilikunywa uji mwepesi, basi, na hata huo niliunywa nimeziba pua. Katekista alikuja akasali, akala kuku mzima, akaniambia nisiwe na uchungu kwa Mungu. Mkulima mmoja mwenye shamba zuri la kahawa alianza kuulizia kama bado naweza kuzaa. Aliuliza huku anachokoa meno kwa njiti.

Na maneno yao! Kila mmoja alikuwa na kiboko wake. Niliposimama nyuma ya pazia la jikoni nilisikia kwamba kiboko alikuwa mweupe, kwamba alikuwa mtu aliyegeuzwa, kwamba mimi nilikuwemo mtumbwini nikajitupa majini kumpigania mume wangu. Wengine walisema nilikwisha kula ile nyama mbichi ndiyo maana sili kingine. Aliyenichosha zaidi alikuwa Papa Kasereka, mfanyabiashara wa Kasindi, ng'ambo ya mpaka, mtu mnene, mwema, asiye na haya hata kidogo. Siku moja nimemwekea sombe yake, yale majani ya mihogo ya kutwanga, akanitazama mpaka nikajisikia kama samaki sokoni, kisha akamgeukia Shangazi.

"Mama Biira, hii mutoto anaisha. Ule kiboko, alimukata bwana yake katikati ao alimumeza muzima?"

"Kiboko hamezi watu, Papa," nikamjibu mwenyewe. "Anakula majani."

"Majani!" Akacheka kwa mshangao, mkono wake unaendelea kuchovya. "Kumbe banatudanganya kule kwetu. Basi anaua bure? Hata hakule? Ee, hiyo iko mubaya kabisa."

Leo ninajua hakuwa na nia mbaya. Na katika watu wote waliokaa kwenye meza zile, yeye peke yake alisema lile lililonikaba mimi kooni, kwamba mume wangu alikufa bure kwa mnyama anayekula majani. Lakini siku ile nilikuwa na hamu moja tu, kummwagia lile bakuli la sombe juu ya upara wake.

Sasa, Kule. Kila siku ya soko alikuja na lori la Sadala. Sadala alikuwa dereva wa samaki, Mwislamu aliyeshika dini yake sawasawa, msafi, kanzu yake nyeupe siku za Ijumaa mpaka unajiuliza anaifulia wapi. Yeye ndiye aliyetuletea habari. Alisema kwa sauti ya kawaida, akipuliza chai yake, kwamba Kule hajaingia ziwani tangu msiba, na kwamba hakuna mvuvi anayekubali kupanda naye mtumbwi, wala kumwazima wavu. Mke wake analima kwenye mashamba ya watu apate mihogo. Mtoto wao mdogo amevimba miguu. "Na anakuja na lile furushi lake," Sadala alisema. "Mimi nyama ile siigusi hata kwa fimbo. Lakini gari halina dini, namletea tu."

Furushi lilikuwa kile kidari changu, wamekikausha kwa moshi, kimefungwa kwa maganda ya mgomba. Kule alikaa nalo kwenye benchi la mlangoni. Hakulitaja. Alisema, "Shemeji, habari ya siku mingi," kisha akainuka akatupasulia kuni au akateka maji mtoni bila kuombwa, akarudi akakaa. Jioni Sadala alimpigia honi akaondoka na furushi lake. Siku ya soko iliyofuata, tena. Nilimchukia, sijui niseme vipi mwelewe. Nilichukia kikohozi chake, nyufa za visigino vyake, jinsi alivyopokea chai kwa mikono miwili kama mtoto. Nilichukia unyenyekevu wake wote, maana niliona kila kuni aliyoipasua ilikuwa inanisukuma kidogo kidogo kuelekea kwenye lile furushi. Na kuliko vyote nilichukia kwamba yeye ndiye aliyefika ufukoni.

Shangazi alivumilia kwa muda wake, kisha akaamua kupita njia ya mkato. Siku moja ya soko alichukua kipande kwa Kule kwa siri, akakitwanga kikawa unga na nyuzi, akakichanganya kwenye sombe ya sahani moja. Sahani hiyo akaifunika, akaniambia, "Leo utakula hii mbele yangu, angalau vijiko viwili. Nimekutilia karanga." Nikasema sawa, ili aninyamazie. Alipotoka kwenda kugombana na mwuza kuni, Sadala akaita kutoka mbele kwamba ana haraka, samaki wataharibika, apewe chochote kilicho tayari. Mimi nilikuwa na sahani ambayo sikutaka hata kuifunua. Nikampelekea.

Alikula yote. Akaifuta sahani kwa kidole. "Leo sombe ina kitu!" akasema kwa sauti mpaka meza ya pili wakageuka. "Mama Biira, umetia nini humu, siagi?"

Shangazi alikuwa ndiyo kwanza anaingia. Aliiona sahani, akaniona mimi, akaweka mikono kichwani. "Yesu wangu! Sadala, tema! Tema!"

"Niteme nini? Nimeshameza."

Alipoelezwa, hakupiga kelele. Uso wake ulibadilika tu. Alichukua birika, akatoka nje, akainama kando ya gurudumu la lori lake, akatia kidole kooni mbele ya soko zima. Watu walisimama kutazama, wengine walicheka, na Papa Kasereka akauliza kama ni kipindupindu. Sadala akasukutua, akasukutua tena, akanawa uso, akarudi ndani.

"Mama Biira," alisema, "wallahi, ungenipa sumu ningekusamehe haraka zaidi."

"Haikuwa yako, mwanangu. Ilikuwa ya huyu."

"Ya huyu! Na huyu je, ni panya, anategewa? Mwaka mzima kinyaa kimemkaba na wewe unamtwangia kwenye mboga?" Akamgeukia Kule, aliyekuwa amejikunja kwenye benchi lake. "Na wewe! Nakubeba kila soko na mzigo wako, unakaa hapo kama bubu. Kama una haja na mtu si umwombe? Ana masikio. Mwombe akukatalie, ujue moja!"

Kule akasimama. Nilidhani atapiga magoti, na nikajiandaa kuchukizwa.

"Shemeji," alisema, "mimi pia sijakula hii. Hamukungu walikula wote, mke yangu alikula, mimi nilitoka nje. Nikiona hii nyama naona ile maji ilivyokuwa rangi. Ukikula wewe, na mimi lazima nikule nyuma yako, ndiyo njia yake, na sitaki. Naogopa kabisa. Kila soko nikifika hapa na wewe unakataa, naumia, na tena nashukuru. Lakini watoto iko wanakula muhogo ya kuomba. Nimechoka kuomba watu. Sasa naomba wewe."

Sikuwahi kufikiri hivyo. Kwa muda wote ule niliamini kwamba mdomo wangu peke yangu ndio uliofungwa, kwamba wengine wote, Kule akiwa wa kwanza, walikwisha shiba na kujifuta. Hasira yangu ikakosa pa kukaa. Nikaangalia huku na huku, kwenye zile meza zenye mafuta, na nzi, na Shangazi analia kwenye khanga yake, na sikuona mtu wa kumchukia.

"Lete," nikasema. "Lakini napika mwenyewe. Asiguse mtu."

Shangazi aliwatoa wateja. Sadala alikwenda kukaa kwenye lori, ametupa mgongo. Nilifungua furushi na harufu ikanipiga usoni, moshi na kitu kingine chini ya moshi, kitu cha matope. Nikaiosha ile nyama kwa maji ya moto, maji yakatoka meusi. Nikaichemsha, likapanda povu la kijivu lenye vipande vipande, nikalimwaga nyuma ya jiko na mbwa akaja, nikamfukuza kwa jiwe. Nikachemsha tena. Mikono yangu ilikuwa inafanya kazi na roho yangu imekaa mbali, imeziba pua. Nikaikata vipande vidogo, na kisu kikapita kwa urahisi, nyama ilikuwa imelainika vizuri. Nikakaanga vitunguu. Nikatia nyanya, chumvi ya Katwe, nikaiachia mafuta yake yenyewe yatoke. Na hapo harufu ikabadilika. Matope yakaondoka. Ikawa harufu ya nyama inayokaangwa na vitunguu, basi, harufu ya nyumba yoyote siku ya sikukuu. Mate yakanijaa mdomoni. Nikayatema kwenye majivu. Yakaja mengine. Nikatema tena, nikalia kwa hasira, maana tumbo langu, hili hili ambalo lilikataa kuku na maziwa na mayai kwa miezi mingi, lilikuwa linanguruma kwa ajili ya kile kilichomuua mume wangu.

Watu ambao nimewahi kuwasimulia, nikifika hapa hunikatiza. Wanataka niseme ilikuwa chungu, au ilikuwa kama majivu, au sikusikia ladha yoyote kwa sababu ya huzuni. Mwanangu mmoja, kati ya niliowazaa na mume wangu wa pili, aliniambia labda nimesahau. Sijasahau. Kule alirudi ziwani wiki ile ile na akavua mpaka magoti yalipokataa, na yule mtoto aliyevimba miguu alikua akawa baba wa binti aliyenipa sahani juzi, kwa hiyo desturi ilifanya kazi yake na sina la kuilaumu. Mimi pia nilinenepa, nikaolewa, nikapika kwenye jiko langu mwenyewe. Ni jambo zuri. Lakini mtu asiniambie ilikuwa chungu.

Tulikaa watatu kwenye meza ya mbele, Shangazi, Kule na mimi, bugali katikati. Nikachukua kipande cha kwanza, nikatafuna, nikameza. Kule akachukua cha kwake. Alifumba macho, akatafuna muda mrefu, machozi yanamshuka mpaka kidevuni, akakimeza kama mtu anayemeza kwinini, akashika ukingo wa meza mpaka kikatulia tumboni. "Aksanti, shemeji," alisema. "Imekwisha. Yenye inabaki tunatupa mtoni." Akanyoosha mkono kuchukua bakuli. Mimi nilikuwa nimelishika. Kidole changu kilikuwa tayari kwenye mchuzi.

Akaangalia kidole, akaniangalia mimi. Macho yale niliyajua vizuri sana, ndiyo niliyokuwa nimewatazama nayo watu wote wa Bwera.

"Shemeji," akasema polepole, "kipande moja inatosha."

"Toa mkono, Kule," nikamwambia. "Nina njaa."